Mjadala: Saa za zamani zenye radiamu, biashara yake ipigwe marufuku?

AkrabuNdefu
Wakuu, hoja yangu ni hii. Saa za mkono na za mezani zilizopakwa rangi ya radiamu (metali yenye mionzi, iliyotiwa ili namba zing'ae gizani) bado zinapigwa mnada kama bidhaa ya kawaida, na mnunuzi haambiwi kilichomo. Radiamu-226 hupungua nusu kila miaka 1,600. Saa ya miaka 100 bado ina karibu asilimia 96 ya radiamu iliyopakwa siku ya kwanza. Nasema zitolewe sokoni, zibaki makumbusho tu. Karibuni.

Jagina
Nyingi ya hizo hazing'ai tena hata kwenye giza totoro. Rangi imekufa, mnatishia watu nini? Mafundi wa siku hizi mmezidi woga.

Kipimio
Jagina, usipotoshe watu. Kilichokufa ni zinki salfaidi iliyochanganywa kwenye rangi. Radiamu inatoa mionzi ya chembe za alfa, zinagonga fuwele za zinki salfaidi, na fuwele ndizo zinazotoa mwanga. Zikigongwa miaka nenda miaka rudi zinaharibika, mwanga unakwisha. Radiamu iko palepale. Saa isiyong'aa ni mbaya zaidi, maana haimwonyi mtu.

Jagina
Mbona nimesoma nusu yake ni miaka 12?

Kipimio
Hiyo tritiamu, kitu kingine chenye mionzi kilichotiwa kwenye rangi za saa, miaka 12.3. Saa zake nyingi zina herufi T pembeni ya neno SWISS, chini ya namba 6. Chembe zake za mionzi, yaani beta, ni dhaifu, hazipenyi kioo, kwa hiyo kaunta ya Geiger (kipima mionzi) haizisikii ukiwa nje. Radiamu utaisikia kwenye kioo na hata kwenye kifuniko cha nyuma, kwa sababu risasi-214 na bismuthi-214 zinazotokana nayo hutoa mionzi ya gama, inayopenya. Usipime kwa macho.

FundiZawadi
Mimi nimekwama kwenye hilo neno "woga". Jagina, unajua rangi hii inavyokuwa ikizeeka? Gundi inakauka, rangi inapasuka, vumbi linaanguka kwenye mtambo. Ukifungua kifuniko na kupuliza kwa kipulizio cha mpira, umelitawanya chumba kizima na pua yako ya kwanza. Radiamu ikiingia mwilini inafuata njia ya kalsiamu, inakaa mifupani. Wasichana waliopaka hizi saa viwandani Marekani walielekezwa wachonge ncha ya brashi kwa midomo, taya zao zikaoza. Huo si woga, ni heshima kwa waliokufa.

Jagina
Naheshimu, dada. Na kesi walishinda, miaka ya 30.

FundiZawadi
Wa New Jersey walimalizana na kampuni mwaka 1928 kabla ya hukumu. Walioshinda 1938 ni wa Illinois. Usichanganye.

Jagina
Basi tuambie, fundi afanyeje? Akwangue? Ukikwangua rangi ya asili umeiua saa. Hakuna mkusanyaji atakayeitaka.

FundiZawadi
Nani kasema kukwangua? Saa ikitembea vizuri, usiifungue kabisa. Ikilazimu: glavu, barakoa ya vumbi inayobana uso, karatasi ya kutupa juu ya meza, hakuna feni, hakuna chakula. Akrabu (mishale ya saa) zing'olewe polepole, maana rangi ya kwenye uwazi wa akrabu ndiyo inayodondoka kwanza. Ikibidi kutoa rangi, ilowe kwanza, itolewe kwa kijiti cha pamba kibichi. Kavu kamwe. Vumbi lifutwe kwa kitambaa chenye maji, siyo mashine ya kufyonza, hiyo inalirusha upya. Taka zifungwe mfukoni, mamlaka ya mionzi iulizwe pa kuzipeleka. Rangi mpya iwe strontiamu alumineti, inashiba mwanga wa taa na haina mionzi.

Jagina
Strontiamu alumineti kwenye saa ya 1940 ni kughushi!

Kipimio
Kughushi ni kuficha. Ukimwandikia mnunuzi kwamba rangi imebadilishwa, umeghushi nini?

Jagina
Kaandikiwa au hajaandikiwa, uso wa saa si ule tena. Bora iachwe ilivyo.

AkrabuNdefu
Niliuliza habari ya soko, sasa tumo kwenye uhalisi wa rangi. Kama kuandika ndiyo dawa, nakubali sharti hili badala ya marufuku: tangazo litaje radiamu, na muuzaji asifungue saa mbele ya mteja.

Jagina
Hapo sawa. Mimi zangu zimo kabatini, mlango umefungwa, hazimgusi mtu.

Kipimio
Kabati lililofungwa ndilo tatizo, mkuu! Radiamu inazaa gesi ya radoni, nayo ina mionzi, na gesi haizuiliwi na kifuniko cha saa. Nusu yake ni siku 3.8, lakini inazaliwa muda wote. Ukipitisha hewa leo ukafunga, ndani ya siku nne imerudi nusu ya kiwango, na baada ya mwezi imejaa kama mwanzo. Fungua dirisha kwanza, kisha kabati, usiegemeze uso. Na kabati lisikae chumba cha kulala.

Jagina
Nusu siku nne? Si itaisha yenyewe?

Kipimio
Haiishi. Mama yake ana miaka 1,600.