Anna Salunke: mtu mmoja aliwezaje kuwa Rama na Sita?

Wakuu, nafuatilia sinema bubu za India. Kwenye filamu ya Lanka Dahan (1917) ya mwongozaji Dadasaheb Phalke, jina la Salunke, ambaye ni mwanamume, limewekwa kwa Rama, shujaa wa hadithi ya Kihindu ya Ramayana, na kwa mkewe Sita pia. Orodha imekosewa, au kweli alicheza zote mbili? Kama ni kweli, walifanyaje?

Jibu la 1
Haijakosewa. Phalke alipoandaa filamu yake ya awali, Raja Harishchandra, alitafuta mwanamke wa kuigiza Malkia Taramati akakosa kabisa. Hata makahaba walikataa, kamera ilihesabiwa aibu. Akamwona Salunke, mpishi wa mgahawa Bombay, mwembamba, mwenye vidole laini. Inasimuliwa kuwa mshahara ulipanda kutoka rupia 10 hadi 15 kwa mwezi. Filamu ilifunguliwa tarehe 3 Mei 1913 katika ukumbi wa Coronation. Mwaka uleule filamu yake nyingine, Mohini Bhasmasur, ikapata wanawake wenyewe, Durgabai Kamat na bintiye Kamlabai, lakini Salunke aliendelea kupewa nafasi za kike.

Jibu la 2
Kuhusu ufundi, anza na hadithi yenyewe. Sita akishatekwa na Ravana, mfalme wa mashetani, yeye na Rama wako mbalimbali. Unapiga sehemu za Rama, unabadili mavazi, unapiga za Sita, kisha unaunga mkanda. Hakuna uchawi hapo.

Kazi huja wawili wakitakiwa kuonekana pamoja. Mafundi wa zama hizo waliziba nusu ya lenzi kwa kadi nyeusi, wakapiga huku wakihesabu mizunguko ya mpini wa kuendeshea kamera, wakafunika lenzi, wakarudisha mkanda nyuma kwa hesabu ileile, ndipo wakaziba nusu ya pili na kupiga tena, mwigizaji akiwa mhusika wa pili. Kwa kamera nyingi mzunguko mmoja ulikuwa fremu 8, na fremu 16 ni futi moja ya mkanda. Ukikosea mzunguko mmoja tu, Rama anajibu kabla Sita hajamaliza. Kiguu cha kamera kikisogea kidogo, ufa unaonekana katikati ya picha. Na kwa kuwa walitegemea jua, ukichelewa vivuli vya upande mmoja vinakataa kulingana na vya pili.

Kuna na shida ya uso: mkanda ule haukuona rangi nyekundu, ikatoka nyeusi. Mdomo uliopakwa rangi nyekundu ulionekana kama shimo, na kivuli cha ndevu kilikolea hata baada ya kunyoa. Mikono ndiyo haikufichika. Misuli ya Sita ilionekana wazi.

Jibu la 3
Naongeza tahadhari. Raja Harishchandra ilikuwa na reli (mizingo ya mkanda) 4, kama futi 3,700. Hifadhi ya filamu ya Pune, India, ina ya kwanza na ya mwisho tu, na baadhi ya watafiti wanasema hizo ni za toleo lililopigwa upya 1917. Usizitumie kama ushahidi wa 1913. Ila tazama tukio la kuoga: malkia na wajakazi wake, wote wanaume, sari zimelowa na kugandamana na mabega mapana. Miaka ya 1920 Salunke alihamia upande wa pili, akawa mpiga picha.