Kurasa za timu: tuzipange kwa mti au kwa jamii?

Parachichi_Tukuyu: Wakuu, salaam. Timu yetu ya ugani ina watu tisa na kurasa zaidi ya mia mbili kwenye wiki ya ndani, yaani tovuti yetu ambayo kila mmoja anaweza kuihariri. Tumezipanga kama mti: Kahawa, chini yake Magonjwa, chini yake Kutu ya Majani. Ratiba ya kupuliza dawa ndiyo inayotutesa. Mmoja anaitafuta kwenye Kahawa, mwingine kwenye Viuatilifu, akiikosa anaandika mpya. Leo zipo tatu na vipimo havifanani! Tubaki na mti au tuhamie jamii, yaani lebo za mada zinazobandikwa kwenye ukurasa, kama Wikipedia?

Kamwene_Iringa: Jamii, mkuu. Kwenye MediaWiki, programu inayoendesha Wikipedia, ukurasa mmoja unaingia jamii nyingi upendavyo. Wiki ikiwa ya Kiswahili, mwishoni unaandika [[Jamii:Kahawa]] na [[Jamii:Viuatilifu]], basi. Ukibadilisha jina la ukurasa, la zamani linabaki likimpeleka msomaji kwenye jipya.

Mama_Mbegu_Uyole: Jamii zisizo na msimamizi ni gunia la viazi ambavyo havijachambuliwa. Kwetu mmoja aliandika "Ugonjwa", mwingine "Magonjwa", wa tatu "Magonjwa ya mimea". Tukahamia BookStack, programu nyingine ya wiki, inayopanga kama mti: rafu, kitabu, sura, ukurasa. Mgeni hapotei.

Mafinga_Mbao: DokuWiki nayo ni nyepesi, kurasa zake ni faili za maandishi tu, haihitaji hifadhidata. Ila folda ni sehemu ya jina la ukurasa. Ukiuhamisha bila programu-jalizi ya kazi hiyo, viungo vinakatika.

Buni_Mbozi: Naomba niongeze la shambani. Katika kupunguza kurasa, tafadhali msiunganishe za kutu kwa kuwa jina ni moja. Kutu ya kahawa na kutu ya maharage ni kuvu tofauti kabisa. Wekeni ukurasa "Kutu" wenye viungo viwili tu, mtu achague zao lake. Nimeona mtu akisoma ukurasa wa maharage huku ameshika jani la mbuni lenye unga wa rangi ya chungwa.

Parachichi_Tukuyu: Mama Mbegu, kwenye vitabu vyako ratiba ya dawa inakaa wapi?

Mama_Mbegu_Uyole: Viuatilifu, mwanangu. Kwenye Kahawa unaweka kiungo, hunakili hata mstari mmoja.

Kamwene_Iringa: Hapo mama nakuunga mkono, hata kwenye jamii.

Parachichi_Tukuyu: Ndaga fijo. Kesho naanza na zile ratiba tatu, na lebo ya chupa mkononi.