Michael Lonsdale: Wafaransa walimheshimu au walimtumia tu?

Mzee_Banda: Wakuu tujadili bila matusi. Michael Lonsdale, yule mwigizaji aliyecheza Drax, adui wa James Bond kwenye Moonraker ya 1979, alifariki Septemba 2020 ana miaka 89, kacheza sinema zaidi ya 180 toka miaka ya 50 huko. César, ile tuzo kubwa ya sinema Ufaransa, kaja kupewa 2011, tena ya mwigizaji msaidizi, mzee anakaribia 80. Miaka yote hiyo jina la tatu kwenye bango! Mi nasema walimtumia.

Kipanya77: Walimtumia wapi. Jamaa ana sura ya mhasibu, tumbo mbele, anaongea kama anaogopa kumwamsha mtoto, halafu unataka awe Alain Delon, yule staa mtanashati? Alipata saizi yake. Kwanza si Mwingereza yule

Debiti_Krediti: Kazaliwa Paris, mama Mfaransa, baba ndo Mwingereza. Na mimi ni mhasibu, naomba unielekeze hiyo sura ya mhasibu ikoje.

Kipanya77: Mkuu umejibu kihasibu kabisa, nasaba kwanza hasira baadae 😂

Debiti_Krediti: Sijacheka. Kila anayeonekana mpole mnamwita mhasibu, siku ya mshahara ndo mnatupigia simu usiku.

Dada_Buja: Nyinyi wawili mmeshajua hata mnachobishania? Mmemwona Moonraker basi mmemaliza. Tafuteni India Song ya Marguerite Duras, 1975. Waigizaji hawafungui midomo, sauti zote zinasikika toka nje ya picha. Lonsdale ni naibu balozi mdogo (makamu wa konseli) aliyeharibikiwa Lahore, anacheza dansi na mke wa balozi (Delphine Seyrig), kisha anatolewa nje, na hapo anapiga kelele anamwita yule mama, anamwita tena, we unaona tu sebule na watu wametulia. Humuoni! Na kelele haiishi. Mtu anayefanya hivyo mnamwita msaidizi?

Kipanya77: Sinema ya watu wamefunga midomo halafu mnashangaa hana mashabiki

Debiti_Krediti: Hesabu ni nyepesi, Duras hana hela, Bond anazo. Unacheza Drax ulipe kodi ya nyumba, ukitoka hapo unarudi kwa Duras. Moonraker yenyewe studio zake zilikuwa Paris kwa sababu ya kodi za Uingereza, kwa hiyo kazi ilimfuata mlangoni. Huyo hakutumiwa, alijipanga.

Kaka_Marseille: Mnamlilia mzungu aliyekuwa na uhuru wa kujipanga. Isaach de Bankolé je? Mtoto wa Abidjan, 1987 akapewa César ya chipukizi kwa Black Mic-Mac, mji wote unamshangilia, baada ya hapo? Chocolat ya Claire Denis kapewa nafasi kubwa, sawa, ila ni mtumishi wa nyumba ya wakoloni Kameruni. Mwisho wa siku kaenda kwa Jim Jarmusch, yule mwongozaji wa Marekani, na Wamarekani wenzake.

Kipanya77: Nilijua tu. Kila uzi lazima mlete rangi.

Kaka_Marseille: Sikuileta mimi. 2018 waigizaji weusi 16, wanawake, walipanda ngazi za tamasha la sinema la Cannes wamechoka kupewa unesi na udada wa kazi. 2020 mwigizaji Aïssa Maïga kasimama jukwaani César akasema kila akiingia kwenye vikao huwa anahesabu weusi waliomo. Nao wote wana sura ya mhasibu?

Debiti_Krediti: Tuacheni sisi jamani.

Kipanya77: Omar Sy 2012 alimshinda Jean Dujardin kwenye César, yule yule aliyechukua Oscar siku mbili baadae. Au huyo humhesabu

Kaka_Marseille: Namhesabu, ni mmoja. Mweusi wa kwanza kupewa César ya mwigizaji bora wa kiume, na tuzo zilianza 1976. Piga hesabu mwenyewe maana mhasibu kanuna.

Mzee_Banda: Basi niulize hivi, mweusi angepewa ile nafasi iliyompa Lonsdale César? Yule mtawa daktari, Luc, kwenye Des hommes et des dieux?

Dada_Buja: Luc alikuwa mtu kweli Mzee, mmoja wa watawa saba wa Tibhirine, Algeria, walitekwa na kuuawa 1996. Usimbadilishe marehemu. Na pale Lonsdale anakaa na binti wa kijijini wanaongea mambo ya mapenzi, mzee anajibu taratibu kama hana haraka ya kufa, mi nililia

Kaka_Marseille: Sijaomba Luc. Naomba Lebel, yule mpelelezi wa The Day of the Jackal 1973 anayemsaka muuaji aliyekodiwa kumuua Rais De Gaulle. Lebel katungwa tu, angeweza kuwa yeyote.

Kipanya77: Ofisa mkubwa mweusi Paris ya 1963, nani angeamini hiyo

Kaka_Marseille: 1963 hiyo hiyo Rais wa Seneti ya Ufaransa alikuwa Gaston Monnerville, mweusi wa Guyane, koloni la zamani la Ufaransa Amerika Kusini. Usiamini basi, ila Drax kujenga kituo angani bila dunia kujua uliamini bila shida.