MREJESHO: Skripti ya katuni ya watoto iliyozidi urefu

Wakuu, ni mimi niliyeomba msaada wa skripti ya katuni ya chekechea: kipindi cha dakika 11, kurasa 19, studio wanataka nipunguze. Asanteni sana mlionijibu.

Nilimfuata aliyesema nihesabu mandhari kwanza, maneno baadaye, maana kila mahali papya lazima pachorwe. Soko na daladala nimevitoa, kisa chote sasa kinatokea uani kwa bibi. Kurasa zimeshuka hadi 12. Mazungumzo nayo nimeyakata: Kobe alikuwa anaeleza weee kwa nini ana njaa, sasa anakodolea embe, anameza mate, anauliza, "Bibi, limeiva?" Sauti zimerekodiwa vizuri, na wachoraji wanachora midomo ikifuata sauti hizo.

Lililogoma ni ule ushauri wa kuacha kimya kidogo ili mtazamaji mdogo ajibu swali. Tuliwaonyesha watoto wa jirani michoro ya awali yenye sauti: wakubwa wakubwa walijibu, wadogo wakahamia kwenye rimoti. Tumebakiza swali moja, la kuhesabu maembe. Wimbo wa katuni, studio bado hawajaukubali.

Dada uliyenitumia mfano wa skripti, ubarikiwe. Mpangilio wako ndio niliotumia.