Mjadala: Nesi akipiga sindano ya usingizi mwepesi, nani anamwangalia mgonjwa?

MwanaWaMkoani:
Asalaam alaykum. Nauliza kwa dhati. Mamaangu ana miaka 61, kaandikiwa kipimo cha kamera ya tumbo huko Unguja Jumatatu ijayo, ule mpira unaopita kooni. Jana nimeambiwa kwa simu kwamba hatopewa nusu kaputi, atapigwa sindano ya usingizi mwepesi tu, na wa kumpiga ni nesi. Dakta wa usingizi hatokuwepo. Mie nilivyolelewa, usingizi una watu wake. Hii ni sawa?

BabuShangani:
Waalaykumu salaam. Si sawa hata kidogo. Nesi kazi yake kutandika kitanda, kupima presha na kumshikia dakta vifaa. Usingizi una wenyewe. Michael Jackson alikufa na nini? Dawa ya usingizi, kapigwa na nesi nyumbani kwake. Mwanangu, mtoe mamako hapo.

ZamuYaUsiku:
Shikamoo babu. Nakuheshimu, lakini kutandika kitanda? Huu mwaka wangu wa 14 kwenye uuguzi, na miaka sita katika hiyo nimekaa kichwani kwa wagonjwa wa kamera.

Kwanza Michael Jackson. Hakupigwa na nesi. Aliyempa propofol, hiyo dawa ya usingizi, alikuwa dakta, tena dakta wa moyo, Conrad Murray, mwaka 2009, chumbani, hakuna vifaa vya kutosha, naye akatoka akamwacha peke yake. Mwaka 2011 mahkama ikamtia hatiani. Kwa hivyo mfano wako unakugeukia babu: alikuwepo mwenye cheo, hakuwepo mwenye kuangalia.

Mwana wa Mkoani, usingizi mwepesi maana yake mama atasinzia lakini akiitwa ataitika, akiguswa bega atafumbua macho, na pumzi atavuta mwenyewe. Dawa anayoagiza dakta mara nyingi ni midazolam, na pengine pethidine au fentanyl ya maumivu. Nesi hupiga kidogo, anasubiri, anamtazama usoni, ndipo anaongeza. Kwa mtu wa miaka 60 kwenda juu ya kwanza haizidi miligramu 1.5, kwa dakika mbili nzima, na unasubiri mbili nyengine. Kusubiri ndiyo kazi yenyewe. Midazolam ilipoingia Marekani katikati ya miaka ya 1980 watu waliipiga kwa mazoea ya diazepam, dawa iliyoitangulia, wagonjwa wakakata pumzi, wengine wakafa, hadi onyo likaandikwa.

BabuShangani:
Marahaba mwanangu. Kwa Michael Jackson nimekosea, nakubali. Lakini sikusema kutandika kitanda ni aibu. Mamaangu alitandika vitanda vya spitali tangu kabla ya Mapinduzi na alitusomesha sote kwa kazi hiyo.

ZamuYaUsiku:
Babu, ulisema "kazi yake". Hilo ndilo lililoniuma.

Mjukuu_wa_Ngambo:
Nyinyi mnagombania vitanda, mwenzenu ana mgonjwa.

Msomi_Mbweni:
Huko Uswisi wauguzi waliosomeshwa wanapiga hata propofol kwenye kamera, miaka mingi sasa. Madaktari wa usingizi wa Marekani wamelipinga sana jambo hilo, wanaona propofol inamzamisha mtu ghafla na haina dawa ya kumrudisha. Kwa hiyo hata wenyewe hawajakubaliana. Ila midazolam kwa mkono wa nesi, kwa amri ya dakta aliyepo chumbani, hilo ni la kawaida duniani.

Mpwani_Wete:
La kawaida duniani, haya. Nisikilizeni la kwangu. Mke wangu alifanyiwa kipimo hicho, spitali siitaji. Nesi mmoja. Huyo huyo kapiga sindano, kampa dakta vifaa, kaandika kwenye fomu, kaitwa mlangoni, kapokea simu. Mie nipo nje ya pazia nasikia mashine inalia. Inalia! Nikaingia bila ruhusa, mke wangu midomo imebadilika rangi. Nesi karejea mbio, kamnyanyua kidevu, pumzi ikarudi. Nikafukuzwa mie kwa kuingia. Sasa mniambie cheti cha nesi kinanisaidia nini?

ZamuYaUsiku:
Pole sana kaka, na pole kwa mkeo. Sina la kumtetea. Miongozo ya Marekani inasema anayemwangalia mgonjwa wa usingizi mwepesi asiwe na kazi nyengine, labda kitu kidogo ambacho anaweza kukiacha papo hapo. Mgonjwa akiwa amezama zaidi, asiwe na kazi nyengine kabisa. Sisi tunakuwa wawili chumbani, dakta na nesi. Dakta akisema "nishikie hapa", unashika. Sheria tunaijua sote, mikono ndiyo haitoshi.

FundiWaMashine:
Nami natengeneza hizo mashine. Ile ya kidoleni inasoma oksijeni, haisomi pumzi. Mgonjwa akiwa kawekewa oksijeni puani anaweza kuwa havuti vizuri na namba ikabaki 98 kwa dakika kadhaa. Ikianza kushuka, umeshachelewa. Ndiyo maana mtu anahitajika atazame kifua kinapanda au hakipandi. Halafu kuna piko, ile rangi ya mapambo. Piko jeusi kwenye kucha linaweza kuizuia mashine isisome, au ikasoma uongo. Hina nyekundu haina tabu kubwa. Wanawake wakienda kipimo waache kidole kimoja bila piko.

ShogaWaMichenzani:
Ngoja kwanza. Piko?! Mie sijapata kuambiwa na mtu. Nilijifungua kwa kisu nimepakwa kuanzia vidole mpaka viwiko!

FundiWaMashine:
Basi walikubana sikioni au mguuni bila ya wewe kujua.

Mjukuu_wa_Ngambo:
Dada yangu Ijumaa anaolewa na Jumanne ana kipimo. Sasa apake au asipake?

ShogaWaMichenzani:
Bibi harusi asiye na piko ukoo mzima utauliza ana nini. Apake mikono, vidole viwili vya miguu aviache. Nani atamtazama vidole vya miguu?

Mpwani_Wete:
Mke wangu alikuwa na piko siku ile. Tulitoka harusini. Hakuna aliyetwambia.

BabuShangani:
Pole mwanangu. Turudi kwenye asili. Tuseme nesi yupo, hana kazi nyengine, anatazama kifua. Akiona mambo yanaharibika, ana ubavu wa kumwambia dakta asimame? Mie nimeishi nchi hii miaka 72, sijaona nesi akimsimamisha dakta. Hilo ndilo linalonifanya nitake dakta wa usingizi. Dakta kwa dakta wataambizana.

ZamuYaUsiku:
Hapo babu umesema kweli, na nitakujibu kwa yaliyonikuta. Mzee mmoja alikuwa anakoroma wakati mpira uko ndani. Mkoromo ni pumzi imebanwa lakini ipo. Mara mkoromo ukanyamaza. Mtu mgeni na kazi atafurahi, "katulia". Mie nikasema, "Dakta, simama." Hakusimama. Nikasema tena, nikaweka mkono wangu juu ya mkono wake. Mpira ukatoka, nikamnyanyua mzee kidevu, nikamwita jina, akavuta pumzi moja ndefu. Dakta alinifokea mbele ya watu na kwa wiki mbili hakunisemesha. Ningefanya tena kesho. Lakini hakuna karatasi ukutani iliyokuwa inanipa haki ile. Niliichukua mwenyewe, na nesi wa mwaka wa kwanza hatoichukua.

Msomi_Mbweni:
Dada, iandikwe basi. Tunafundishwa kutii maagizo, hatufundishwi neno "simama" mara moja.

BabuShangani:
Ikiandikwa hiyo, mie nitanyamaza.

MwanaWaMkoani:
Nashukuru nyote, nimesoma kila neno. Kuna moja sijalisema. Mama ameshakatiwa tiketi ya kurejea Pemba siku ile ile, boti ya mchana.

ZamuYaUsiku:
Hapana. Hapana ndugu yangu. Saa 24 baada ya dawa zile mtu hatakiwi kuwa peke yake, hatakiwi kuendesha chombo wala kutia saini ya jambo zito. Na akiwa amepewa flumazenil ya kumwamsha, ile inaisha mwilini kabla ya midazolam, anaweza kusinzia upya njiani. Sasa mfikirie mama anasinzia, boti imefika mkondo wa Nungwi, watu wanatapika kushoto na kulia. Mtu mwenye usingizi akitapika, matapishi yanaingia mapafuni.

Mpemba_Halisi:
Hadithi ni hiyo hiyo miaka yote. Mpemba alale Unguja! Alale wapi, Forodhani? Madaktari wa Kichina wapo na sisi tangu 1964, spitali yetu ya Abdalla Mzee hapo Mkoani imejengwa upya ikafunguliwa 2016, na bado mtu wa Mkoani anafunga mzigo kwa kipimo cha robo saa. Nauli ya boti, taksi, chakula, na mtu wa kumsindikiza naye anaacha shamba. Mnasema "asisafiri siku hiyo" kana kwamba ni jambo la kuamua asubuhi.

Mjukuu_wa_Ngambo:
Yakhe, hapa hakuna aliyekutukana.

Mpemba_Halisi:
Sijatukanwa. Nimechoka. Babangu alirudi siku ile ile kwa sababu hatukuwa na pa kumlaza. Alifika salama alhamdulillahi, lakini kwenye ngazi za boti hakujua yuko wapi, na karatasi ya kumruhusu ilikuwa na saini yake mwenyewe.

ZamuYaUsiku:
Saini yake hiyo haikufaa, kaka. Dakika kumi baada ya midazolam mtu anazungumza na wewe vizuri, kesho hakumbuki. Maelezo wanapewa wanaomchukua, tena kwa maandishi.

Mwana wa Mkoani, chakula kizito asile ndani ya saa nane kabla ya kipimo, kidogo asile ndani ya saa sita, maji asinywe ndani ya saa mbili kabla ya kipimo. Asidanganye kuhusu kikombe cha chai. Aseme dawa zake zote, na kama anakoroma sana usiku aseme. Na wewe au mwenye kumsindikiza amuulize nesi kwa adabu: nani atakayemwangalia mama tu, na kazi yake nyengine ni ipi?

ShogaWaMichenzani:
Na alale kwangu. Mie niko Michenzani ghorofa ya pili, na mamaangu mkubwa yupo nyumbani mchana kutwa. Tutamfuata bandarini Jumapili. Ngazi tutampandisha wawili wawili.

MwanaWaMkoani:
Mungu akulipe dada. Nimempigia sasa hivi. Tiketi anabadilisha, atakuja Jumapili na kurudi Jumatano. Kasema kucha za mikono zote zina piko la harusi ya mjukuu wake na haliwezi kutoka mpaka zikue, ila miguu haikupakwa. Nimemwambia avae viatu vya kuvua kwa urahisi.