Magdalena Montezuma: mdomo haufuati wimbo, kwa nini anasifiwa?

Kijana wa Ilala:
Wakuu, habari zenu. Nimetazama filamu ya Der Tod der Maria Malibran (Kifo cha Maria Malibran, 1972) ya mwongozaji Werner Schroeter mpaka mwisho. Huyu mwigizaji wa Kijerumani, Magdalena Montezuma, anafungua mdomo wimbo umeshaanza, anaufunga wimbo haujaisha. Pleibeki ya namna hii jukwaani si angezomewa? Mnaomfahamu, ukubwa wake uko wapi?

Mama Zuhura:
Mwanangu, hapo hapo ulipokwama ndipo penyewe. Schroeter alikuwa akichukua rekodi za opera na kuziweka juu ya sura za waigizaji wake, wala hakuhangaika zilingane. Mwigizaji kanyang'anywa sauti, hadithi nayo imekatwakatwa. Kabaki na nini? Macho, shingo na vidole.

Nafundisha uigizaji, na wanafunzi wangu huwa nawaonyesha sura ya Magdalena bila maelezo yoyote. Mtazame anavyoinua kidevu polepole, midomo inatetemeka kabla ya neno, kamera iko karibu mpaka unaona rangi ya vipodozi ilivyokolea kwenye kope. Hakimbilii kulia. Anaushikilia uchungu pale pale, muda mrefu kuliko unavyoweza kuvumilia. Malibran wa kweli alikuwa mwimbaji aliyefariki Manchester mwaka 1836 akiwa na miaka 28, na Magdalena anamcheza kama mtu anayeuawa na uimbaji wenyewe. Ukilinganisha mdomo na sauti barabara, unapata tamasha la kawaida. Ukiviachanisha, unamwona mtu anautamani wimbo usiokuwa wake. Hilo si jambo dogo, na sijaona wengi wanaoliweza.

Jina lake la kuzaliwa ni Erika Kluge. Alikuwa na Schroeter tangu filamu zake za mwanzo, Eika Katappa (1969) ikiwemo.

Mdau wa Sinema:
Msisahau alifanya kazi na mwongozaji Ulrike Ottinger pia. Kwenye Freak Orlando (1981) yeye ndiye Orlando, anapita zama baada ya zama akibadilika umbo.

Kijana wa Ilala:
Shikamoo mama. Nimekuelewa, ila ile ni nzito kwangu. Nianzie ipi?

Mama Zuhura:
Marahaba. Anza na Der Rosenkönig. Aliiandika pamoja na Schroeter, wakaipiga Ureno huku saratani imeshamshika. Anacheza Anna, mama anayeishi na mwanawe kati ya mawaridi. Alifariki Berlin Julai 1984, filamu ikatoka 1986. Watu huitazama kwa huruma, mimi naona wanamkosea. Yule ni fundi yuko kazini, anajua mwanga uko wapi na anausogelea mwenyewe. Tafuta spika nzuri tu, usitumie za simu, maana muziki ndio unaobeba nusu ya kila anachofanya.