Ulinganisho: tawi gani la fizikia la kuombea Trieste au Kigali, kwa anayetaka kazi iendelee akirudi nyumbani?

Mzani

Wakuu, msimu wa maombi ukifika, maswali yanayojaa humu ni ya viza na posho. Safari hii naomba tulinganishe matawi yenyewe. Kwa asiyekifahamu, ICTP ni kituo cha kimataifa cha fizikia ya nadharia kilichoanzishwa na Abdus Salam mjini Trieste, Italia, mwaka 1964, ili mwanasayansi wa nchi kama zetu asilazimike kuchagua kati ya nchi yake na taaluma yake. Kinaendeshwa kwa makubaliano ya serikali ya Italia, UNESCO na IAEA (shirika la kimataifa la nishati ya atomiki).

Njia zinazotuhusu zaidi ni hizi. Kuna Diploma ya mwaka mmoja, ambapo unachagua nishati ya juu (fizikia ya chembe) na kosmolojia, fizikia ya mango (vitu kama fuwele na metali), hisabati, fizikia ya mfumo wa dunia, au sayansi ya viumbe kwa njia ya hesabu. Kuna uzamili wa fizikia ya tiba wa miaka miwili, unaotolewa pamoja na Chuo Kikuu cha Trieste. Kuna uzamili wa EAIFR, taasisi dada iliyo ndani ya Chuo Kikuu cha Rwanda, Kigali, tangu 2018. Na kuna STEP, kwa mwanafunzi wa uzamivu aliyesajiliwa chuo cha kwao ambaye huenda Trieste kwa vipindi.

Kipimo changu ni kimoja. Umerudi Morogoro, Eldoret au Bujumbura; una kompyuta ya kawaida, umeme unakatika, intaneti ni ya bando. Tawi lipi litakuwezesha kutoa matokeo yanayochapishika? Wenye ujuzi semeni mahitaji, kiasi, na pale panapoharibika.

Fuwele

Kwa kipimo hicho, fizikia ya mango kwa kompyuta ndiyo ya kwanza. Quantum ESPRESSO, ya kukokotoa tabia ya elektroni ndani ya mata, ni programu huria, na Trieste ndiko ilikokulia. Silikoni yenye atomi 2 kwenye seli inakokotolewa kwa sekunde chache kwenye laptop ya kawaida. Kazi inayochapishika, atomi 40 hadi 100, inataka kompyuta ya mezani yenye kori 16 na RAM ya GB 64, au akaunti kwenye klasta (kompyuta nyingi zilizounganishwa) ya mtu. Kumbuka muda hupanda takriban kwa mchemraba wa idadi ya atomi: ukizidisha atomi mara mbili, subiri mara nane.

Umeme usikutishe. Kwenye sehemu ya CONTROL ya faili la maelekezo weka `max_seconds`, mfano 10000, programu ijisimamishe yenyewe na kuhifadhi hali yake, kisha uendelee kwa `restart_mode='restart'`. Ukiachia umeme ukatike katikati ya kuandika diski, mafaili ya `outdir` yanaharibika na unaanza upya. UPS ya dakika 15 inatosha kabisa ukizoea kuunda faili tupu lenye jina la kazi na kiambishi `.EXIT`, programu ikiliona inafunga kazi kwa utaratibu.

Makosa yanayofanya karatasi zirudishwe na wahakiki ni haya. Kwanza, `ecutwfc` (kikomo cha nishati ya mawimbi yanayoelezea elektroni) iliyonakiliwa kutoka kwa mtu mwingine bila kupimwa. Panda kwa hatua za Ry 10 hadi tofauti ya nishati iwe chini ya meV 1 kwa atomi, kwa pseudopotential (mafaili yanayowakilisha kiini cha kila atomi) zako mwenyewe. Za aina ya ultrasoft zinataka `ecutrho` (kikomo cha msongamano wa elektroni) mara 8 hadi 12 ya `ecutwfc`. Wengi huacha mara 4 ya kawaida na shinikizo linatoka la uongo. Pili, metali bila `smearing` (kulainisha ujazo wa elektroni): hesabu haitulii. Weka Ry 0.01 hadi 0.02, na ikigoma bado, shusha `mixing_beta` kutoka 0.7 hadi 0.3. Tatu, ukimaliza `vc-relax` (kutafuta umbo tulivu la seli), endesha tena kuanzia umbo la mwisho, maana mawimbi yaliyotumika yalichaguliwa kwa seli ya mwanzo.

Ila kosa kubwa ni mwanya wa nishati, yaani nishati ambayo elektroni inahitaji ili iruke na kupitisha umeme. PBE, kadirio la kawaida la hesabu hizi, inakupa silikoni karibu eV 0.6 wakati vipimo vya maabara ni 1.12, ZnO inatoa karibu 0.8 wakati ukweli ni 3.3 na ushei. Ukiandika kwamba umegundua ZnO inafyonza mwanga mwekundu, mhakiki hatasoma ukurasa wa pili.

Bando_la_Usiku

Fuwele, na perovskite ya seli za jua, CH₃NH₃PbI₃? Naona PBE inatoa 1.6 sawa na maabara. Kwa hiyo hapo PBE inatosha?

Fuwele

Haitoshi, na huo ndio mtego wenyewe. Risasi ni atomi nzito. Ukiwasha mwingiliano wa spini na obiti, mwanya unaporomoka chini ya eV 1. Ile 1.6 inatokana na makosa mawili yanayofutana: PBE inapunguza mwanya, na kuacha spini na obiti kunauongeza. Ukibadili iodini kwa bromini, au risasi kwa bati, ulinganifu huo hauna dhamana. Fanya PBE kwa umbo, kisha njia mseto kama HSE pamoja na spini na obiti kwa mwanya. Gharama ni makumi ya mara, na hapo ndipo utahitaji klasta ya Trieste au Kigali hata ukiwa nyumbani, kwa hiyo usikate mawasiliano na msimamizi wako.

Vuli_na_Masika

Mimi natetea fizikia ya mfumo wa dunia, kwa sababu swali liko hapa kwetu. Mvua za masika zilipungua tangu miaka ya 1980 huku modeli nyingi za tabianchi zikitabiri ziongezeke. Huo ni utata halisi wa kisayansi, haujafungwa, na unahusu mkulima wa Tanga na wa Kitui.

Chombo ni RegCM, modeli ya kikanda inayotunzwa na ICTP, nayo ni huria. Mtiririko wake ni `terrain`, `sst`, `icbc`, kisha `regcmMPI`, zote zikisoma faili moja la mipangilio. Ugumu uko kwenye data. Piga hesabu: ERA5, data ya hali ya hewa ya dunia unayoilisha modeli, ina gridi ya nyuzi 0.25. Kisanduku cha nyuzi 60 kwa 50 kina nukta 48,000. Zidisha kwa matabaka 37, vigezo 5, nyakati 1,460 kwa mwaka na baiti 2: ni karibu GB 26 kwa mwaka. Miaka 30 ni karibu GB 780 za kuingizia tu. Kwa bando, hilo haliwezekani; pakua ukiwa Trieste, beba diski mbili za TB 4, moja ikiwa nakala.

Panapoharibika: watu hubana eneo ili kuokoa muda. Nukta 12 za kila ukingo ni ukanda wa kulainisha mipaka, usizihesabu kwenye matokeo. Eneo la Afrika Mashariki lisilochukua sehemu kubwa ya Bahari ya Hindi haliwezi kuonyesha vuli ya 1997 au ya 2019, maana chanzo cha mvua zile kilikuwa joto la upande wa magharibi wa bahari hiyo. Ziwa Victoria nalo linataka modeli ya ziwa iwashwe, `lakemod = 1`, na kina chake kisomwe tangu hatua ya `terrain`. Usipofanya hivyo joto la uso wa ziwa linakisiwa tu, na ngurumo za usiku za ziwani zinapotea au zinazidi kiasi.

Tupa mwaka mzima wa kwanza wa matokeo, udongo haujatulia. Na kabla ya kulinganisha na CHIRPS (data ya mvua ya setilaiti na vituo), zidisha `pr`, yaani mvua ya modeli, kwa 86,400, kwa kuwa inatoka kwa kilo kwa mita mraba kwa sekunde, ilhali CHIRPS iko kwa milimita kwa siku. Modeli ikisimama na kulalamikia CFL (hatua ya muda ni ndefu mno kwa gridi), punguza `dt`, yaani hatua hiyo. Ikirudia palepale, tazama mlima: mteremko mkali kwenye gridi ndogo ndio chanzo cha kawaida, na sisi tuna Kilimanjaro na Rwenzori.

Mzani

Asante, hesabu hiyo ya diski peke yake inaamua mengi. Nishati ya juu je? Ndiyo inayovuta vijana wengi.

Myuoni

Igawe mara mbili. Nadharia haina gharama ya vifaa: karatasi, arXiv (hifadhi ya makala mtandaoni) ni bure, kompyuta yoyote. Kinachokosekana ni mtu wa kubishana naye kila wiki. Anayekwenda huko ahakikishe anarudi na kundi la kuandika nalo.

Upande wa data, CERN, maabara ya chembe ya Ulaya, wameweka data za CMS, mojawapo ya vigunduzi vyake, wazi tangu 2014. Anza na faili la miuoni (chembe kama elektroni ila nzito zaidi) wawili la 2012 lililorahisishwa: GB 2 hivi, matukio zaidi ya milioni 60, linasomeka kwa ROOT, programu ya CERN ya kuchambua data, au kwa Python na `uproot`. Chagua matukio yenye miuoni 2 tu, chaji kinyume, kisha M² = 2·pT₁·pT₂·(cosh Δη − cos Δφ), pT ikiwa kasimwendo ya kukingama mwale, η na φ pembe za mwelekeo. Chora kwa mizani ya logi na utaona vilele vya chembe zinazojulikana: J/ψ kwenye GeV 3.1, Υ kwenye 9.5, Z kwenye 91.2. Ni zoezi safi la kufundishia mwaka wa tatu chuoni.

Lakini kati ya zoezi hilo na karatasi kuna umbali mkubwa: ufanisi wa vichochezi (mfumo unaochagua matukio ya kuhifadhi), urekebishaji wa kasimwendo, uigaji wa usuli. Vilima vingine vilivyo chini ya GeV 20 hutokana mara nyingi na masharti ya vichochezi vyenyewe, na asiyejua atadhani amepata chembe mpya. Kwa kipimo cha Mzani, naiweka chini ya mango na tabianchi.

Dozi_Sahihi

Naona fizikia ya tiba imepitwa, na ndiyo pekee kwenye orodha ambayo mtu anasubiriwa na wagonjwa. Uzamili wa Trieste ulianza 2014. Mwaka wa kwanza ni darasani, wa pili hospitalini. Haihitaji bando wala klasta. Inahitaji mtu asiyekosea, na nitaonyesha kwa kipimo kimoja.

Kupima nguvu ya mashine ya tiba ya mionzi kwa mwongozo wa IAEA, TRS-398: tangi la maji la sentimita 30 kila upande, chemba ya ioni ya sm³ 0.6 kwenye kina cha sm 10, uga wa sm 10 kwa 10. Maji yakae chumbani usiku kucha yalingane na joto la chumba. Pima kina upya kabla ya kuanza, maana maji huvukiza. Usomaji unazidishwa kwa kigezo cha chemba kilichotoka maabara ya viwango, kisha kwa marekebisho, na la kwanza ni la hewa: chemba iko wazi, hewa ndani yake ni ya chumbani. Kigezo ni (273.2 + T)/293.2 mara 101.3/P, T kwa selsiasi na P kwa kilopaskali.

Trieste ni bandari. Dar es Salaam pia. Huko P ni karibu 101, na kigezo kinacheza karibu na 1. Njoo Nairobi, mita 1,700 na ushei: P ni karibu 83. Kwa nyuzi 24 kigezo ni 1.24. Sasa mtu hana kipimahewa, anafungua programu ya hali ya hewa kwenye simu, anaona hektopaskali 1,017, anaiandika. Namba hiyo imeshapelekwa usawa wa bahari, si mgandamizo wa chumba. Kigezo kinatoka karibu 1.01, dozi inaonekana pungufu kwa asilimia 18, mashine inapandishwa ili kufidia, na mgonjwa anapata ziada ya asilimia 22. Tofauti inayovumilika kwenye kazi hii ni asilimia 2.

Kwa hiyo anayesomea usawa wa bahari na kurudi Nairobi, Kigali au Addis Ababa, anunue kipimahewa cha kusoma mgandamizo halisi, akilinganishe kila mwaka na kile cha mamlaka ya hali ya hewa, na aombe namba ya kituo, siyo iliyopelekwa usawa wa bahari.

Bando_la_Usiku

Nilikuwa sijui kabisa hilo la programu ya simu. Na anayependa maabara, filamu nyembamba na seli za jua?

Fuwele

ICTP kimsingi ni ya nadharia na kompyuta. Nafasi za maabara zipo kupitia sinkrotroni (mashine ya miali mikali ya kuchunguza mata) ya Elettra iliyo hapohapo Trieste, na SESAME ya Jordan ya GeV 2.5 iliyofunguliwa 2017, lakini huko unapeleka sampuli uliyoitengeneza tayari. Utengenezaji jifunze ukanda huu. Kupulizia SnO₂ kwenye kioo cha nyuzi 450 hakuhitaji pampu ya ombwe. Ukipima ukinzani kwa pini nne usitumie 4.53 kwa kila sampuli: namba hiyo ni ya filamu kubwa isiyo na mwisho. Sampuli ya duara ya kipenyo cha sm 1 na pini zilizoachana mm 1, tumia 4.17. Ukipuuza, umekosea kwa asilimia 8 au zaidi.

Vuli_na_Masika

Niongeze la vyeti. Diploma ya Trieste si shahada ya uzamili, ingawa uzito wake unaheshimika kwenye maombi ya uzamivu. Chuo chako kikikudai uzamili ili kukupandisha cheo, Kigali ndiyo inatoa shahada. Waulize idara yako kwa barua kabla ya kuomba, na jibu lao ulihifadhi kwa maandishi.

Mzani

Kwa mwenye uzamili tayari na ajira chuoni?

Vuli_na_Masika

STEP, bila kusita. Usajili wako na mshahara wako vinabaki nyumbani, na wasimamizi ni wawili, wa kwenu na wa huko. Kinachoangusha maombi mengi ni barua ya msimamizi wa nyumbani isiyosema utafanya nini ukiwa kwenu kati ya safari na safari. Mwambie aandike mambo yenyewe: kipindi cha kwanza Trieste, kuandaa eneo na data, miezi ya nyumbani, kuendesha na kulinganisha na vituo vya mvua, kipindi cha pili, kuandika. Na ataje kompyuta utakayotumia, kori ngapi na diski kiasi gani.